Mwaka Tuliowafunga Igalula

Kombe la Jimbo la Magharibi lilifika Tabora ndani ya sanduku la majani ya chai, limezungushiwa magazeti ya zamani, na mimi ndiye niliyelifungua kwa patasi. Nilikuwa seremala katika karakana ya mabehewa, na kila kilichoshushwa stesheni kikiwa kimepigiliwa misumari kililetwa kwangu. Bwana DC ndiye aliyeliagiza, miaka michache baada ya vita kuu ya pili, alipoona askari waliorudi kutoka Burma wanacheza mpira kila jioni na hawana cha kushindania. Halikuwa kubwa. Maji ya vikombe viwili yalitosha kulijaza, maana tulijaribu.

Sheria yake ilikuwa moja tu: ukifungwa umetoka. Hapakuwa na pointi wala marudiano, ila mkienda sare. Kila mwaka, mvua zikishakatika na watu wakishavuna, majina ya timu yaliandikwa kwenye vipande vya karatasi, yakatiwa ndani ya kofia ya Bwana DC, akayachomoa mawili mawili. Nzega na Igunga walikuja kwa lori la pamba, wamekaa juu ya marobota. Sikonge walikuja kwa baiskeli. Ujiji walikuja kwa treni, wamevaa kanzu na kofia nyeupe, wakashuka wakitembea polepole kama watu waliokuja harusini, na mara nyingi walirudi na kombe. Wengi wetu tulicheza peku. Sisi wa reli tulikuwa na viatu, lakini hata hivyo baadhi yetu waliviweka kando mchezo ukianza, kwa sababu viliwachelewesha.

Nilikuwa golikipa wa timu yetu ya reli miaka minane. Mbele yangu, upande wa kushoto, alicheza shemeji yangu, kaka yake mke wangu. Alikuwa mhunzi katika karakana ileile, mtu mnene wa kifua, mpole, mwimbaji wa sauti ya chini katika kwaya ya Wamoravian. Kazi yake uwanjani ilikuwa kuzuia, na aliifanya bila makelele. Winga akimjia, alimsubiri tu mpaka winga mwenyewe achoke. Katika miaka yote hiyo hakuwahi kufunga goli hata moja, na wala halikumsumbua. Aliniambia siku moja kwamba goli ni mali ya vijana.

Mwaka ninaousimulia, kofia ya Bwana DC ilitupangia nusu fainali na Igalula, kwao.

Tulikwenda kwa treni ya asubuhi, tukitafuna michembe, vile viazi vitamu vilivyokaushwa, na tulifurahi kwa sababu Igalula hawakuwa timu ya kuogopwa. Walikuwa wakulima, pamoja na vibarua wachache wa reli. Kilichonishangaza ni kwamba watu wa timu nyingine waliokwisha kucheza kule hawakupenda kukisimulia kile kiwanja. Ukiwauliza, walikwambia ni kizuri, ni tambarare, kisha wakabadili mazungumzo.

Kweli kilikuwa kizuri. Ardhi yake ilikuwa ngumu na laini kama sakafu iliyosilibwa na mwanamke hodari, na hapakuwa na kisiki wala jiwe. Nilikwenda kukagua milingoti, tabia ya kazi yangu, na nikiwa pale golini niliwatazama watu wanavyokaa. Walikuwa wengi, wamejaa pembeni pande zote, wengine wamewabeba watoto migongoni. Ila katikati ya upande wa magharibi paliachwa nafasi tupu ya hatua kama sita. Hapakuwa na kamba wala mti wa kuizuia. Na ng'ambo ya uwanja, upande wa mashariki, palikuwa na nafasi nyingine, ya upana uleule, ikitazamana na ile ya kwanza. Mwanamke mmoja alipoketi karibu mno na ukingo wake, mwenzake alimgusa bega, naye akasogea bila kuuliza.

Nilimwuliza mshika kibendera wao, mtu wa makamo aliyekuwa akipasha mikono kwa kupeperusha kitambaa, kwa nini pale hapakaliwi. Alisema ni njia. Nikamwambia sioni njia. Akajibu kwamba ni ya zamani, ya misafara ile iliyotoka Ujiji kwenda pwani, na uwanja umelala juu yake. Alisema hivyo kama mtu anayemweleza mgeni kisima kiko wapi.

Kipindi cha kwanza kilikwisha bila goli. Jua lilikuwa kali, na refa, mwalimu wa shule ya misheni, alitupa muda mrefu wa kunywa maji. Kipindi cha pili kilikuwa kimefika nusu wakati kepteni wa Igalula aliposimama ghafla katikati ya mchezo, akatazama magharibi, akainua mkono.

Wachezaji wake wote wakaacha mpira. Hawakukimbia. Wale waliokuwa katikati walisogea, wengine kaskazini, wengine kusini, wakaiacha ile nafasi ya hatua sita wazi kutoka ukingo mpaka ukingo, wakasimama mikono imening'inia. Watu pembeni walinyamaza. Mimi nilikuwa golini kusini, na nilichokiona kwa macho yangu ni vumbi: vumbi jepesi, la urefu wa kiuno cha mtu, likiingia uwanjani kutoka magharibi. Halikuzunguka kama vumbi la kimbunga. Lilisogea kwa mwendo wa mtu anayetembea akiwa na safari ndefu, likapungua kidogo, likaongezeka tena, likapungua, na upepo haukuwapo kabisa. Jasho lilinisimama usoni. Nilisikia kitu kama kengele ndogo, mbali, mara mbili au tatu. Nikadhani ni mbuzi.

Shemeji yangu ndiye aliyekuwa na mpira.

Nimejiuliza maisha yangu yote kwa nini hakusimama. Wenzetu wote walisimama, kwa mshangao tu, hata washambuliaji wetu. Nadhani hakuona kitu isipokuwa uwanja mtupu mbele yake, kwa mara ya kwanza katika maisha yake ya mpira. Akaanza kukimbia. Alikimbia moja kwa moja kuelekea kaskazini, na alipofika katikati, ndani ya lile vumbi, alisita. Nilimwona akiinamisha bega la kushoto, kama unavyofanya ukigongana na mtu mlangoni. Kisha akaendelea, akatoka ng'ambo, akapiga. Golikipa wao alikuwa ameshika mlingoti, ameinamisha uso. Mpira ulimpita bila yeye kugeuka.

Refa alichelewa kupuliza filimbi, kisha akapuliza, na lilikuwa goli. Igalula hawakulalamika. Vumbi lilipotokea upande wa mashariki na kupotelea vichakani, walirudi mahali pao, wakacheza kwa bidii mpaka mwisho, na mchezo ukaisha hivyohivyo. Tulishinda moja bila. Walipokuja kutupa mikono, wote kumi na mmoja, mmoja baada ya mwingine, walipita kwetu haraka, lakini kwa shemeji yangu walisimama. Hawakumpongeza. Kila mmoja alimshika mkono kwa mikono miwili, akamwambia, "Pole."

Ndani ya treni vijana waliimba jina la ukoo wake. Yeye alikaa dirishani upande wa jua. Tulipofika Tabora alinipa kifurushi chake cha viatu nimbebee, akasema bega limemchoka.

Fainali ilikuwa baada ya wiki tatu. Wiki ya kwanza tulilitania lile bega. Lilikuwa limeshuka, la kushoto, kiasi kwamba alipotembea kutoka karakana kwenda kwake Isevya kichwa chake kililala kulia. Msimamizi alidhani amejiumiza na nyundo akampumzisha kazi nzito. Wiki ya pili mke wangu alifua nguo za kaka yake, kama alivyofanya kila Jumamosi tangu mke wa kaka yake alipofariki, akaja kunionyesha mashati yake. Yote matatu yalikuwa yamechakaa begani, upande mmoja tu, kitambaa kimesagika mpaka kinapitisha mwanga. Mojawapo lilikuwa jipya.

Nilikwenda naye hospitali. Dresa, mhudumu wa kufunga vidonda, alimvua shati, akalibonyeza lile bega, akaita mwenzake aje atazame. Palikuwa na sugu, nene, ngumu kama kisigino, yenye umbo la kitu cha mviringo kilichokaa hapo kwa muda mrefu. Dresa aliuliza amebeba mizigo miaka mingapi. Shemeji akasema yeye ni mhunzi, habebi. Dresa akanitazama mimi, kama anayetaka nimsaidie kumsema rafiki yangu anayedanganya. Alisema sugu ya namna ile haioti chini ya miaka kumi. Akatupa mafuta ya kuchua.

Jumapili tulikwenda Ntalikwa kwa mama mkwe wangu, mjane, aliyekuwa akilima karanga na viazi peke yake na hakupenda kusaidiwa. Hatukumwambia neno. Lakini mwanawe alipoinama kumsalimu, shikamoo mayu, yaani mama, aliliona bega. Alimwambia avue shati. Akaliangalia kwa muda, akaenda ndani, akarudi na mafuta ya samli katika kibuyu, akaketi nyuma yake juu ya kinu kilicholazwa, akaanza kulipaka. Vidole vyake vilijua pa kupita. Alikandamiza pembeni ya sugu, akazunguka, akashuka mpaka kwenye ubavu.

"Hii naijua," alisema. "Nilipokuwa msichana nilimpaka baba yangu kila jioni."

Baba yake alikuwa mpagazi. Alibeba pembe za ndovu kutoka Ujiji mpaka pwani mara nne, na mara ya tano hakurudi. Sikuwa nimeyasikia hayo kabla, wala mke wangu. Tulipoondoka mama mkwe alitusindikiza mpaka mwisho wa shamba, jambo ambalo hakuwa na desturi nalo, na alimshika mwanawe mkono wa kushoto njia nzima, akiuinua kidogo kwa juu.

Fainali tulicheza Tabora, na Ujiji. Nilimwomba shemeji apumzike, akakataa. Nafikiri alitaka kuona kama mpira ungemrudisha alivyokuwa. Watu walijaa, Bwana DC na mkewe wamekaa kwenye viti chini ya turubai, kombe mezani. Tulitangulia kufunga. Ujiji wakasawazisha. Shemeji alicheza vizuri, kwa bega lake lililopinda, mpaka jua lilipoanza kulala, saa ileile ya Igalula. Hapo akasimama. Mimi nilikuwa nyuma yake, hatua kumi na tano. Aligeuka akatazama mashariki, akaupandisha mkono wake wa kushoto juu kama anayeshikilia kitu kilichokaa begani kisidondoke, akaanza kuinua miguu na kuiweka palepale alipo, polepole, kwa mwendo mmoja. Nilimwita. Nilimwita kwa jina lake, kisha nikamwita shemeji, kisha nikamwita kwa jina alilopewa na mama yake. Winga wa Ujiji alipita pembeni yake na mpira akanifunga. Nilikuwa simtazami winga.

Tulifungwa mbili kwa moja. Watu wetu walimzomea shemeji akitoka, na wengine walisema amehongwa.

Jumapili hakuonekana kanisani. Jumatatu hakuja karakana. Nilipokwenda Isevya nilikuta mlango umerudishwa tu, kitanda kimetandikwa, na viatu vyake vya kazi vimewekwa chini ya dirisha. Mke wangu hakulia. Aliniambia nipande treni ya kwenda mashariki, na sikumwuliza amejuaje.

Nilipata ruhusa Jumatano, nikapanda garimoshi la mizigo, nikawa nashuka kila lilipochota maji au kupishana na lingine. Igalula sikuhitaji kuuliza. Kepteni wao alikuwa amesimama kando ya reli na jembe lake, akaninyooshea mkono kuelekea mashariki kabla sijafungua mdomo. Goweko, mtu wa kubadili njia za treni alikuwa amemwona Jumatatu adhuhuri. Alisema hakufuata reli. Alipita vichakani, mahali pasipo na njia, lakini hakukwepa kitu, kana kwamba pana barabara. Nikamwuliza kama alikuwa peke yake. Alisema yeye hakuona mwingine. Lakini pale kwenye mteremko alimwona amesimama, akageuka nyuma akasubiri, kisha akatikisa kichwa kama mtu aliyejibiwa, akaendelea. Na alikuwa akiimba sauti ya chini, sehemu tu ya wimbo, akiacha nafasi baada ya kila mstari, nafasi ya watu wengine kuitikia.

Nyahua walimwona. Malongwe walimpa maji, akanywa akiwa amesimama, hakukubali kuketi. Walisema aliweka kata chini akashukuru vizuri, kwa Kinyamwezi cha zamani ambacho vijana wa pale hawakukielewa.

Nilimkuta Tura, Alhamisi asubuhi. Ni mahali ambapo zamani misafara ilipumzika, kwa sababu mbele yake kulikuwa na pori la Mgunda Mkali, siku nyingi bila kijiji. Alikuwa ameketi kando ya kisima, miguu imevimba, midomo imepasuka. Bega lake lilikuwa limenyooka. Aliponiona alicheka kidogo, akaniuliza habari za nyumbani, na kama dada yake hajambo. Nikampa maji na michembe, nikasubiri ale. Sikutaka kumwuliza. Yeye ndiye aliyeanza.

"Shemeji, wale hawana shida na mtu," alisema. "Wanapita tu. Mimi ndiye niliyemgonga."

"Umemgonga nani?"

"Sijui. Mzigo ulimdondoka. Mzigo ukidondoka njiani haupotei. Lazima uendelee na mtu."

Nilimwuliza ameufikisha wapi. Akaonyesha kwa kidevu mbele yetu, kuelekea porini. Alisema jana jioni walipofika hapo, mtu mmoja alitoka mbele ya msafara akarudi nyuma mpaka alipo yeye. Hakuuona uso wake, maana jua lilikuwa limeshazama. Yule mtu aliingiza bega lake chini ya mzigo, akaupokea, akaondoka. Lakini kwanza alimwangalia kwa muda mrefu, na alimgusa kifuani, hapa, kwa kiganja.

"Alikuwa na mikono ya mama," alisema.

Tulirudi kwa treni ya abiria. Alilala njia nzima, na nilipoona stesheni ya Igalula inakaribia nilifunga dirisha.

Hakucheza tena. Alirudi kazini miezi michache, kisha akaacha uhunzi wa reli akahamia Ntalikwa kwa mama yake, akafungua kiwanda chake mwenyewe cha kufua majembe. Sugu haikuondoka. Kila jioni mama yake alimpaka samli, mpaka mama huyo alipokufa, na baada ya hapo dada yake ndiye aliyeipaka kila tulipokwenda kumtembelea. Alioa tena, akapata watoto wawili. Sikuona woga wowote ndani yake. Ila hakupenda kusimama mahali watu wanapopita, kwenye mlango wala kwenye kivuko cha reli, na alimpisha kila mtu, hata mtoto.

Mwaka uliofuata nilikuwa kepteni, na kofia ya Bwana DC ikatutuma tena Igalula. Vijana wawili walisema wanaumwa. Waliobaki niliwaambia ndani ya treni jambo moja tu, kwamba kepteni wa Igalula akiinua mkono, tutasogea sisi pia. Hakuna aliyecheka. Kabla ya mchezo nilikwenda kumsalimu yule kepteni, nikataka kumwuliza itakuwa saa ngapi. Alinijibu kabla sijamaliza kwamba hawana saa, wakifika wamefika.

Walifika kipindi cha pili. Mkono ulipanda, na tukasogea wote, timu mbili, na refa, ambaye mwaka ule alikuwa Mzungu, mkaguzi wa reli. Alitutazama tunavyosogea, akavua kofia bila kuambiwa. Mpira ulibaki katikati ya ile njia, hakuna aliyekumbuka kuuondoa. Vumbi lilikuja kwa mwendo wake. Nilitazama ule mpira, kwa sababu sikutaka kutazama kingine. Ulikaa kimya muda mrefu. Kisha ukabingirika hatua moja upande wa mashariki ukasimama, kama umeguswa na mguu wa mtu mwenye mawazo mengine.

Tulifungwa tatu bila, halali kabisa, tukatoka mashindanoni. Kombe liliendelea miaka kadhaa, likaenda Ujiji, likaenda Nzega, likarudi Ujiji. Uhuru ulipopatikana, jimbo likagawanywa, mashindano mengine yakaja, na lile la mtoano likaachwa. Bado nasikia watu wakibishana nani alilichukua mara nyingi, na mimi siwaingilii.

Jioni ile ya kufungwa nilipitia Ntalikwa kabla ya kwenda kwangu. Shemeji alikuwa anazima moto wa kiwanda chake. Nilidhani ataniuliza matokeo, maana habari zilikuwa bado hazijafika. Alinawa mikono, akaifuta, akaniuliza kama tuliwapisha. Nikamwambia tuliwapisha, wote. Akaniletea kiti, akamwita mkewe alete chakula, na tukala.